Barua Ambayo Bhoke Hakuonyeshwa

Barua ya wito ilimfikia Bhoke Jumanne jioni, na ilimfikia kwa huruma ya mtu tu. Ilikuwa imetumwa kwa sanduku la posta la ginari ya zamani, ile ya kuchambua pamba, iliyofungwa mwaka 2017. Sanduku hilo halikuwa tena na mtu wa kulifungua. Lakini Sabiha, msichana wa posta ya Bunda, aliliona jina kwenye bahasha, akamkumbuka yule mama mwembamba aliyekuwa akija kila Ijumaa kuuliza kama kuna chochote chake. Alipofunga kazi hakwenda kwao moja kwa moja. Alipita kwanza kwa Bhoke, akamkuta anaanua mihogo.

"Shikamoo, mama. Hii imeandikwa ya haraka. Nikasema isilale."

"Marahaba, mwanangu. Kaa basi unywe hata uji."

"Nitakunywa siku nyingine. Ifungue kwanza."

Bhoke aliifungua kwa kisu cha mihogo. Ilisema kwamba mapitio ya shauri lake yatasikilizwa siku ya Alhamisi, saa tatu asubuhi, katika ofisi ya Mfuko wa Pensheni mjini Musoma. Asipofika, uamuzi wa kwanza utabaki kama ulivyo. Tarehe ya juu ilionyesha barua imeandikwa wiki tatu zilizopita.

"Alhamisi ipi?" aliuliza Sabiha, akichungulia.

"Keshokutwa," alisema Bhoke, akakaa chini palepale kwenye mkeka wa mihogo.

Shauri lenyewe lilikuwa hivi. Bhoke alifanya kazi ginari miaka kumi na mitano na miezi mitatu, akilisha mashine pamba, akimeza vumbi lake. Kila mwezi mshahara wake ulikatwa mchango wa uzeeni. Sheria ya Mfuko ilitaka miezi mia na themanini ndipo mtu alipwe pensheni kila mwezi mpaka afe. Bhoke alikuwa na mia na themanini na mitatu. Alipotimiza miaka sitini alipeleka karatasi zake, akaanza kusubiri kama mtu anayesubiri mvua ambayo mawingu yake ameshayaona.

Badala ya pensheni ilikuja barua. Ilisema kwamba kwa ushahidi wa maandishi imebainika kuwa miezi mitano ya mwaka 2007 hakuifanyia kazi yeye, bali mtu mwingine aliyetumia jina lake. Kwa hiyo miezi hiyo imefutwa kwa sababu ya udanganyifu. Imebaki mia na sabini na minane. Hastahili pensheni, atapewa michango yake kwa mkupuo mmoja, basi. Barua ilikuwa na saini ya afisa mafao anayeitwa Hezron.

Hakuna aliyemwita kabla ya barua hiyo. Hakuna aliyemuuliza. Alikwenda Musoma mara tatu kuomba kuona hayo maandishi, na mara zote tatu alijibiwa kwamba ni siri ya ofisi. Mara ya tatu alirudi nyumbani, akachana karatasi katikati ya daftari, akaandika kwa mkono wake kuomba mapitio.

Lililomnyima usingizi ni kwamba jambo lenyewe lilikuwa kweli.

Pale ginari wanawake walikuwa na desturi yao. Kila alfajiri nyapara alisimama getini na orodha, akaita majina. Aliyekosa siku tatu, jina lake lilikatwa, na nafasi yake ilipewa mwingine kati ya waliokuwa wanangoja nje ya ukuta. Basi mtu akifiwa, au akiuguliwa, alimwendea mwenzake asiye na ajira, akamwambia, "Nishikie jina." Huyo mwenzake aliingia, akaitika jina lililoitwa, akafanya kazi, akala mshahara wa siku hizo. Mwenye jina akirudi, alirudi kwenye nafasi yake. Nyapara alijua. Alihesabu vichwa, hakutazama nyuso. Hakuna aliyeona kuwa ni wizi. Waliona ni kama kumtwisha mwenzio ndoo.

Bhoke alishikiwa jina mara moja tu, miezi mitano, na aliyemshikia alikuwa Mwanaupe.

Jumatano asubuhi alipita sokoni kwenda stendi. Mwanaupe alikuwa mezani pake, akipanga dagaa na samaki wakavu mafungu mafungu. Walikuwa marafiki wa miaka ishirini. Silasi na wadogo zake, watoto wa Bhoke, walikula Idi kwa Mwanaupe, na wa Mwanaupe walikula Krismasi kwa Bhoke. Lakini tangu mwezi wa nne, Mwanaupe alikuwa akimwona anainamisha kichwa. Siku hiyo pia aliinama, akajifanya kuokota kitu chini ya meza.

"Ananionea aibu," aliwaza Bhoke. "Amesikia nimeitwa tapeli." Akapita bila kusalimia, na kutosalimia kwenyewe kukamuuma kama mwiba wa samaki kooni.

Alikuwa anakwenda Butiama kwa mzee Magesa. Zamani za ginari, Magesa ndiye aliyekuwa katibu wa chama cha wafanyakazi. Sasa alikuwa na shamba la mihogo nyuma ya miamba, na jicho moja lilikuwa na mtoto wa jicho. Alimkaribisha Bhoke kwa kiti chenye mto, yeye akakaa kwenye kinu kilichopinduliwa. Bhoke aliliona hilo, akalitunza moyoni. Nyumba nzima ilikuwa na kiti kimoja.

Magesa alisomewa barua zote mbili. Akataka asomewe tena.

"Ushahidi wa maandishi," alisema. "Ya nani?"

"Hawasemi."

"Hawasemi! Hata mwizi wa ng'ombe huambiwa kwanza ng'ombe ni wa nani. Sikiliza, mama. Kuna kitu kinaitwa haki ya kusikilizwa. Maana yake sio kuitwa ukakae kwenye kiti wakutazame. Maana yake uonyeshwe unachodaiwa, upewe nafasi ya kujibu, na anayepima asiwe yule aliyekushtaki. Kesho, kabla hujasema lolote, omba uone hayo maandishi. Usiondoke mpaka uone."

"Nikishaona?"

Magesa alitazama mihogo yake. "Ukishaona, kana."

"Nikane?"

"Rejista za ginari zililiwa na mchwa. Nyapara tulimzika mwaka juzi. Tulikuwaga watu mia mbili pale, nani atakumbuka? Neno lako na neno la karatasi. Wewe una jasho la miaka kumi na mitano, karatasi ina nini?"

"Lakini ni kweli, mzee Magesa. Wewe mwenyewe ulijua."

"Nilijua. Na ndiyo maana nakuambia kana. Umezidisha miezi mitatu tu, mama! Ukikubali mitano imekwenda, huna pensheni mpaka siku ya kufa. Kitindamimba wako bado yuko chuo. Ukweli wako utamlipia ada?"

Bhoke alinyanyuka, akakunja barua zake. Alipoaga, Magesa alimsindikiza mpaka barabarani akipapasa njia kwa fimbo, akamfungia mihogo minne kwenye mfuko, akasema, "Mimi sikulazimishi. Ila njaa haina saini."

Alhamisi alifika Musoma saa moja na nusu, ofisi haijafunguliwa. Upepo wa ziwani ulikuwa mkali. Mlinzi, kijana wa Kikurya anayeitwa Matiko, alimtazama akijishika goti, akaingia kwenye kibanda chake, akatoka na kiti chake mwenyewe.

"Kaa, mama. Mimi nimezoea kusimama."

Bhoke alikaa. Neno moja lilikuwa likizunguka kichwani: kana, kana, kana.

Saa tatu na robo aliitwa ndani. Kulikuwa na meza ndefu na watu watatu nyuma yake. Katikati alikaa mwenyekiti, Bi Eufrasia, mwanamke wa makamo mwenye miwani na sauti isiyopanda wala kushuka. Kulia alikaa mzee mnene, Stanislausi, mjumbe. Kushoto alikaa kijana mwembamba mwenye jalada nene mbele yake. Mbele yao kulikuwa na kiti kimoja cha plastiki.

"Wewe ndiye Bhoke Nyamhanga?"

"Ndiye mimi, mheshimiwa."

"Shauri lako ni fupi. Tuna ushahidi wa maandishi kwamba kwa miezi mitano, mwaka 2007, mtu mwingine alifanya kazi kwa jina lako. Unakubali au unakataa?"

Lilikuja haraka kuliko alivyotegemea.

"Maandishi ya nani, mheshimiwa?"

Kijana mwembamba alijibu yeye. "Mtoa taarifa analindwa, mama."

"Analindwa nisimfanye nini? Mimi nina miaka sitini na goti bovu. Hata kuku wangu wananishinda mbio."

Stanislausi alikohoa, akaficha mdomo kwa kiganja. Bi Eufrasia hakucheka.

"Mama, jibu swali. Unakubali au unakataa?"

"Nitajibu. Sijaja kukimbia swali. Ila nisome kwanza. Nikikubali bila kusoma, nitakuwa nimekubali nini? Na nikikataa bila kusoma, nitakuwa nimekataa nini?"

"Utaratibu wetu ni kwamba..." alianza yule kijana.

"Samahani kidogo," alisema Bhoke. Alijisogeza ukingoni mwa kiti. "Mwanangu, wewe unaitwa nani?"

"Hezron."

"Hezron ndiye aliyesaini barua ya kuniambia mimi ni mdanganyifu." Aligeuka kwa mwenyekiti. "Mheshimiwa, sina elimu ya sheria. Lakini huyu alishasema mimi ni mwongo, akaandika na kugonga muhuri. Leo ndiye anayekaa hapo kupima kama mimi ni mwongo. Akisema sio, si atakuwa anajikosoa mwenyewe? Nani anapendaga hivyo?"

Nje mtu alikuwa anaosha gari, na maji yalisikika yakimwagika. Bhoke aliona masikio ya Hezron yakiwa mekundu kwa ndani, akajua kwamba amemkosea adabu mbele ya wakubwa zake, na kwamba hakuwa na njia nyingine.

Bi Eufrasia alivuta jalada, akafungua ukurasa wa mwisho. "Saini hii ni yako?"

"Ni yangu, mwenyekiti. Lakini tuko wachache. Mjumbe wa tatu anaumwa, nikaambiwa niketi nafasi yake, ili shauri lisiahirishwe."

"Mimi sikuambiwa kwamba uamuzi ni wako."

"Nilidhani unajua."

"Basi hamia kule." Alionyesha upande wa pili wa meza, upande wa Bhoke. "Tutakaa wawili. Utajibu ukiulizwa, kama mama anavyojibu."

Hezron alinyanyuka na kiti chake. Alipokiweka chini kando ya kile cha plastiki, Bhoke alisogeza mfuko wake wa mihogo ili apate pa kuweka miguu.

"Na hayo maandishi?" aliuliza Stanislausi. Ilikuwa mara yake ya kwanza kusema. "Mimi mwenyewe sijayasoma. Nimesoma muhtasari tu."

Bi Eufrasia aligeuza karatasi moja, nyingine, mpaka akafika kwenye karatasi ndogo yenye mistari, iliyobanwa kwa pini. Aliisoma kimya. Alipomaliza alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Kisha akaichomoa karatasi ile, akanyoosha mkono.

"Isome, mama. Usiharakishe."

Mwandiko Bhoke aliutambua kabla ya maneno. Herufi kubwa za duara, zimelala upande mmoja, mwandiko ule ule ulioandikaga orodha ya michango ya harusi na misiba ya mtaa mzima. Alisoma kwa kufuatisha kidole.

"Mimi ni Mwanaupe binti Salum wa Bunda. Nilifanya kazi ginari na baadaye kiwanda cha samaki. Nimeambiwa nina miezi 177 na pensheni inataka 180. Nimepungukiwa mitatu. Mwaka 2007 nilifanya kazi ginari miezi mitano kwa jina la rafiki yangu Bhoke Nyamhanga kwa sababu hakuweza. Nilikuwa sijaajiriwa bado. Naomba kama inawezekana nihesabiwe hiyo miezi. Yeye hana kosa lolote wala hakunidhulumu. Muulizeni yeye. Ni mkweli, atawaambia."

Bhoke alirudia mstari wa mwisho. Muulizeni yeye.

Miezi minne alikuwa amelala akiwataja maadui mmoja mmoja gizani: labda mtoto wa nyapara, labda jirani wa mpakani, labda yule wa kikoba. Hakuna usiku aliomtaja Mwanaupe. Na Mwanaupe alikuwa hajamshtaki. Alikuwa amemtaja kama shahidi wake.

"Unakubali au unakataa?" aliuliza Bi Eufrasia, safari hii polepole.

Sasa ndipo hatari ilipomkaa kifuani. Akisema "nakataa", karatasi ile ndogo itabaki peke yake. Rejista zimeliwa, nyapara amezikwa. Yeye atapata pensheni yake, na Mwanaupe atabaki na mia na sabini na saba, tena ameitwa mzushi juu ya uzee. Akisema "nakubali", anajikata mguu kwa panga lake mwenyewe. Akilini alimwona Wegesa, kitindamimba wake, akirudi nyumbani na begi kwa kukosa ada. Aliwaza mchele. Aliwaza dawa za goti. Hezron kando yake alikuwa ameshika kalamu bila kuandika.

"Ni kweli," alisema Bhoke. "Alinishikia jina. Miezi mitano alifanya kazi yeye, sio mimi. Na mshahara alikula yeye, kwa haki yake. Mimi sikuchukua hata senti ya mshahara huo. Miezi ni yake."

"Unajua maana yake kwako?"

"Najua. Mia na sabini na minane. Nimeihesabu mpaka nimeota nayo."

Bi Eufrasia aliandika. Kalamu yake ilikwaruza muda mrefu. Bhoke aliweka mikono mapajani, akawa anajiandaa kusimama. Ilikuwa imekwisha, na ajabu ni kwamba lile neno, kana, lilikuwa limeacha kuzunguka kichwani.

"Mama," alisema Stanislausi, "hapa ameandika hukuweza. Hukuweza nini?"

"Kwenda kazini."

"Kwa nini?"

Bhoke alimtazama. Tangu mwezi wa nne, barua na safari zote zile, hakuna mtu wa Mfuko aliyewahi kumwekea neno hilo mbele yake. Alishtuka kama mtu aliyefunguliwa mlango aliokuwa ameuegemea.

"Nilikuwa nimejifungua, mzee wangu. Kitindamimba. Nilikuwa mtu mzima tayari, mtoto akakaa vibaya, nikapasuliwa hapa hapa Musoma. Kidonda kikaoza. Kunyanyua mzigo wa pamba ningewezaje? Mwezi wa tano ndio niliweza kufunga kitenge bila kulia."

"Hukuomba likizo ya uzazi?"

"Niliomba. Nyapara akaniambia likizo ni ya mabibi wa ofisini. Akasema ukikosa siku tatu, nakata. Ndio nikamwendea Mwanaupe. Alikuja hospitali, akakaa kitandani kwangu, akasema lala, mimi nitaitika."

Kisha kiti cha kando yake kililia, na Hezron akasimama.

"Mwenyekiti, naomba kusema."

"Sema."

"Likizo ya uzazi ni miezi mitatu. Mwajiri alitakiwa kuilipa na kuichangia. Miezi hiyo ingekuwa yake hata kama hakuonekana getini siku moja." Alitazama jalada, sio watu. "Ilitakiwa nimuulize. Barua yenyewe ilisema nimuulize. Nilikuwa na majalada mia mbili, nikaona kazi imefanywa kwa jina la mtu mwingine, nikalifunga jalada. Sikumuuliza."

Bhoke alimtazama kijana yule. Kusema vile mbele ya mwenyekiti wake kulikuwa na bei, naye alikuwa ameilipa akiwa amesimama. Alitamani kumwambia akae, asije akaanguka.

Stanislausi alikuwa anahesabu kwa vidole. "Mia na sabini na minane, na mitatu."

"Usitangulie, mzee," alisema Bi Eufrasia. "Tukitoa miezi kwa mmoja na kuipeleka kwa mwingine, huyo mwingine naye lazima asikilizwe. Tumeshafanya kosa hilo mara moja. Huyu Mwanaupe anapatikana?"

"Yuko sokoni Bunda. Lakini," Bhoke alisita, "tumekuwa hatusalimiani."

"Mpigie."

Alipiga. Simu iliita mpaka ikakata. Alipiga tena. Mara ya tatu ikapokelewa.

"Mwanaupe."

Sauti ndogo ikajibu, "Nimekatazwa kuongea na wewe."

"Na nani?"

"Afisa. Alisema uchunguzi unaendelea, nikikuongelesha nitaharibu, sisi wote tutafungwa. Mama Silasi, wallahi mimi sikujua kama wangeku..."

Hezron, aliyekuwa akisikia yote kutoka kando, alinyoosha mkono, akaomba simu. "Mama, ni mimi niliyekukataza. Njoo Musoma. Njoo sasa hivi, tunakusubiri."

Walimsubiri mpaka saa nane. Bhoke alikaa nje kwenye kiti cha Matiko, na Matiko akamgawia nusu ya ugali wake na mkia wa sangara, akisema mke wake hupakua kama anamlisha ng'ombe. Hakikuwa chakula kingi. Bhoke alikula kwa shukrani na kwa hofu. Je, kama hatakuja? Mtu aliyetishwa kwa miezi minne ataamini simu moja? Kila gari lililosimama alinyoosha shingo.

Mwanaupe alishuka akiwa na mtandio umepinda na mikono bado inanuka dagaa. Hakumkumbatia. Alisimama hatua mbili mbali naye, akasema, "Umenikasirikia."

"Ingia kwanza," alisema Bhoke. "Tutakasirikiana baadaye."

Ndani kulikuwa na viti viwili vya plastiki sasa. Mwanaupe alisomewa barua yake mwenyewe, akasema ni yake. Aliulizwa kama alichosema Bhoke kuhusu hospitali ni kweli. Alisema ni kweli, na kwamba mtoto alikuwa na nywele nyingi kama mtoto wa Kihindi. Aliambiwa kwamba hilo si lazima liandikwe.

"Mheshimiwa," alisema Mwanaupe, akishika ukingo wa meza, "mimi nahitaji mitatu tu nifike. Hiyo miwili inayobaki mwachieni mwenyewe."

"Mama, miezi sio karanga za kugawana kwenye sahani. Uliifanyia kazi mingapi?"

"Mitano."

"Basi ni mitano."

Wakatolewa nje. Walikaa kwenye benchi moja la ukumbini, kila mmoja ukingoni kwake, nafasi ya mtu mzima katikati. Mlango ulikuwa umefungwa. Sauti zilisikika, maneno hayakusikika. Mara moja Stanislausi alipandisha sauti, kisha akashusha. Bhoke alihesabu vigae vya sakafu, akafika mwisho, akaanza tena.

Saa kumi kasoro waliitwa. Bi Eufrasia alisoma akiwa amesimama.

Uamuzi wa kwanza umetenguliwa, kwa kuwa mwanachama hakuonyeshwa ushahidi uliotumika dhidi yake, hakupewa nafasi ya kujibu, na aliyeamua aliwekwa tena kwenye mapitio. Neno udanganyifu litaondolewa katika jalada. Miezi mitatu ya likizo ya uzazi ni haki ya Bhoke Nyamhanga, na Mfuko ndio utakaowafuata waliokuwa wenye ginari kuhusu michango hiyo, sio yeye. Jumla yake ni miezi mia na themanini na mmoja. Anastahili pensheni. Na kuhusu madai ya Mwanaupe binti Salum, yatafunguliwa jalada lake mwenyewe, yasikilizwe ndani ya siku kumi na nne. Kila karatasi itakayotumika ataonyeshwa kabla, na maelezo ya leo ya Bhoke yatawekwa humo kama ushahidi wa upande wake.

"Mna swali?"

Bhoke alikuwa nalo moja. "Naweza kupata nakala? Yenye muhuri. Nikienda bila karatasi nitaona kama nimeota."

Ilikuwa imeshapita saa ya kufunga, na karani wa muhuri ameshaondoka. Hezron alisema asubiri kidogo, akapanda ngazi mwenyewe kutafuta ufunguo.

Wale wanawake wawili walirudi kwenye lile benchi.

"Ungeniuliza," alisema Bhoke. "Kabla hujaandika. Ungekuja nyumbani ukasema, mama Silasi, nataka miezi yangu."

"Niliona aibu. Niliona kama nakudai kitanda cha hospitali."

"Ilikuwa yako."

"Nilijua ni yangu. Aibu haijuagi hesabu." Mwanaupe alijifuta macho kwa pembe ya mtandio. "Na jana nilikuona sokoni. Nikaingia chini ya meza kama panya."

"Nilikuona. Makalio yote yalikuwa nje."

Mwanaupe alicheka huku analia, kicheko kilichomfanya Matiko achungulie mlangoni. Kisha akaukunja mtandio mapajani.

"Na mimi je? Siku kumi na nne. Wakikataa?"

"Sijui," alisema Bhoke, kwa kuwa hakujua. "Lakini hawatakukatalia mgongoni kwako."

Juu ghorofani droo zilisikika zikifunguliwa na kufungwa, moja baada ya nyingine. Mwanaupe alisogea katikati ya benchi, na Bhoke naye akasogea.